Kititia Mlangoni kwa Bi Lila

Tulipokuwa wadogo Kiponda, Unguja, hapakuwa na mtoto aliyenunuliwa mwanasesere. Cha kuchezea ulikitengeneza mwenyewe, na kama hujui, basi ukae barazani utazame wenzako wanavyofurahi. Kilichotupendeza kuliko vyote ni kititia. Unachukua jani la mnazi, unalikunja na kulisuka likashikana katikati, unabaki na mikono minne, kila mmoja umepinda kuelekea upande ule ule, kisha unakichoma chelewa ya ukuti iwe mpini. Ukikimbia nacho Forodhani wakati wa alasiri kinazunguka mpaka mikono huioni tena. Wajukuu zangu nimewafundisha kukitengeneza, tena si mara moja. Wanakitazama kwa huruma, halafu wananiuliza kinachajiwa wapi.

Basi kwetu sisi chochote chenye mikono minne iliyopinda kilikuwa kititia, mradi kifanane. Feni la dari la kinyozi lilikuwa kititia. Mtoto akilala amejitupa mikono huku na miguu kule, tulisema kalala kititia. Bibi yangu, aliyenilea, alikuwa msusi wa mikeka, na katika mikeka yake ya ukindu alipenda kutia nakshi hiyo kwa rangi nyekundu na nyeusi, safu kwa safu, na wateja walimwagiza kwa jina: "Bi Mkubwa, nisukie wa vititia." Neno lenyewe lilikuwa jepesi. Ukilisikia unapata hamu ya kukimbia.

Nyumba yetu ilikuwa moja ya zile nyumba ndefu za mawe, mlango mmoja mkubwa wa mbao kwa wote, ngazi moja ya kiza inayonuka karafuu na paka. Juu kabisa tulikaa mimi, Bibi, na Mjomba Makame, kaka yake mama, ambaye zamani alikuwa askari. Chini alikaa Bi Lila na mumewe, fundi cherehani, pamoja na binti yao Hansa. Walikuwa Wahindi wa Kibaniani. Hansa alikuwa amenizidi miaka mingi, lakini alikubali kucheza mdako na mimi, na akinishinda alinicheka bila haya. Nilimpenda kama dada yangu.

Kila ilipokaribia Diwali, sikukuu yao ya taa, Bi Lila aliosha kizingiti kwa maji na ndimu, akakoroga unga mwekundu kwenye kibakuli, akachora kwa kidole kwenye ubao wa kulia na wa kushoto wa mlango ule mkubwa. Mikono minne, ncha zimepinda, na kitone kimoja katika kila pembe. Mimi nilipokuwa mdogo nilimwambia amechora kititia kizuri. Alicheka mpaka akajifuta macho.

"Hiki chetu kinaitwa sathiyo," alisema. "Kinamwonesha mungu wetu Lakshmi njia, aingie na heri zake. Wewe ukitaka kiite kititia, haidhuru, atakujua."

Alilitamka neno hilo taratibu, kama mtu anayemwita mtoto aliyelala. Jioni yake zilipanda sahani za ladu, vile vitamu vya mviringo, zilizofunikwa kwa kitambaa, zinanukia samli na iliki. Miaka hiyo sukari tuliipangia foleni, na mtoto akitumwa foleni asubuhi alirudi adhuhuri. Bi Lila aliiweka akiba yake kidogo kidogo ili Diwali isimkute mikono mitupu. Bibi naye hakurudisha sahani tupu hata siku moja. Idi ilipofika, ilishuka na visheti. Vijana wa leo wanakaa ukuta kwa ukuta na mtu na hawajui hata jina lake, lakini wanajua amekula nini mtu aliyeko Dubai.

Basi, ghorofa ya kati ilikuwa tupu mpaka alipoletwa Bi Helga. Huyu alikuwa muuguzi kutoka Ujerumani ya Mashariki, enzi zile Wajerumani walipokuwa wengi Unguja, hospitalini, mashuleni, na kwenye majumba mapya waliyokuwa wakiyajenga Kikwajuni, na baadaye Michenzani. Alikuwa mwanamke mrefu, wa makamo, mpole. Alikuwa amefundishwa Kiswahili kabla hajaja, na pengine aliambiwa kwamba heshima ya huku ni shikamoo, kwa hiyo alimpa kila mtu. Alinipa hata mimi. Nilijibu "Marahaba!" kwa sauti kubwa, na Bibi akanifinya mpaka nikaona nyota.

Mwaka huo Diwali ilikuja na jambo kubwa zaidi: Hansa alikuwa anaolewa baada ya siku chache tu. Bwana harusi alikuwa njiani kutoka Dar es Salaam na jamaa zake. Bi Lila alichora mlango kwa uangalifu ambao sijauona tena, akanieleza kwamba bibi harusi hawezi kutolewa kwenye mlango mtupu. Ingekuwa sawa na kumtoa bila dua.

Alasiri ile Bi Helga alirudi kazini na kikapu chake cha sokoni Darajani. Mimi nilikuwa barazani. Aliinua macho, akaona mlango, kikapu kikamtoka mkononi. Nyanya zilibingirika mpaka mferejini. Hakuziangalia. Alisimama pale nje na vazi lake jeupe.

"Nani ameandika hii?" aliuliza.

Mjomba Makame alichungulia kutoka juu, kisha akateremka ngazi kwa kishindo. Ndipo nilipolisikia jina la tatu la kitu kile.

"Alama ya Hitla hiyo!" alisema. "Mie nlipelekwa vitani Bama kwa sababu ya hiyo! Futeni haraka, kabla watu wa tawi la chama hawajapita."

Mjomba huko Bama alipigana na Wajapani, Mjerumani hajawahi kumtia machoni, ila alikuwa ameoneshwa picha za alama ile na wakubwa wake, na jeshini alifundishwa kuichukia. Lakini hofu yake ya watu wa tawi haikuwa ya mchezo. Wakati ule neno dogo liliweza kufikishwa ofisini likiwa kubwa, na familia kama ya Bi Lila haikupenda kuitwa ofisini kwa lolote. Bi Lila alitoka na vidole vyekundu, akatazama huyu, akatazama yule, hajui amefanya nini. Nyuma yake Hansa alianza kulia.

Bibi ndiye aliyemshika Bi Helga mkono akamvuta ndani. "Ingia, mwanangu, watu wanakutazama." Bi Helga alipanda ngazi mbio, akajifungia. Kesho yake hakwenda kazini.

Sasa Bibi yangu alikuwa mtu asiyejua kushindwa na jambo. Akalikata shauri kwa akili zake: mgeni kaona rangi nyekundu mlangoni, kadhani karogwa. Dawa yake ni kumwonesha kwamba ni nakshi tu, haina neno. Akafungua sanduku, akatoa mkeka mpya kuliko yote, mzuri kuliko yote, akanibebesha upande mmoja, yeye akashika mwingine. Bi Lila alipotuona kwenye ngazi naye akafuata na sahani ya ladu.

Bi Helga alifungua mlango, macho yamevimba. "Shikamoo, Bibi," alisema, hata katika hali ile.

"Marahaba, mwanangu. Usiogope. Hakuna uchawi hapa. Tazama, hata mie nnacho!"

Na Bibi, kwa furaha na fahari, akaukunjua mkeka ule sakafuni, kutoka ukuta hadi ukuta. Umejaa vititia, safu kwa safu.

Sijapata kuona uso wa mtu ukibadilika vile. Bi Helga alirudi nyuma mpaka akakaa kitandani, akapandisha miguu juu ili isiguse mkeka, akajifunika uso kwa viganja. Kisha alisema, kwa Kiswahili chake cha kukatika:

"Watu walikuja kwetu. Wana hii, hapa." Akajishika mkono juu ya kiwiko. "Wakachukua baba. Mimi mdogo, kama huyu." Akanielekezea mimi. "Baba hakurudi. Mama aliuliza, aliuliza. Hakurudi."

Bibi alipiga magoti akaanza kuukunja mkeka wake, polepole. "Pole, mwanangu," alisema. "Sikujua. Wallahi sikujua." Nilimwonea Bibi huruma, nikamwonea Bi Helga huruma, na nilikuwa mdogo kiasi cha kutojua nianze na yupi.

Bi Lila aliyasikia yote mlangoni. Aliiweka sahani chini, akateremka. Baada ya muda tukasikia maji yanamwagwa, halafu kitambaa kinasugua mbao. Alikuwa anafuta.

Hansa alikuwa akimsihi mama yake kwa Kigujarati, na sikuhitaji mkalimani. Lile lilikuwa dua la harusi yake linalokwenda na maji machafu mferejini. Bi Helga alisikia pia. Alikaa, akasikiliza, kisha akateremka miguu mitupu, nasi nyuma yake. Ubao wa kulia ulikuwa umeshafutwa. Bi Lila alikuwa amehamia wa kushoto, machozi yanamtiririka, hajifuti.

Bi Helga akamshika mkono wenye kitambaa. "Acha," alisema. "Kwako hii ni nini?"

"Heri," Bi Lila alijibu. "Mwanangu anaolewa. Nnataka apite kwenye heri. Lakini si juu ya uchungu wa baba yako. Sitaki hivyo."

Bi Helga alimtazama Hansa. "Chora tena," alisema. "Mimi nitapita. Sitatazama, lakini nitapita."

Akageuka akasimama ameelekea ukuta, mpaka Bi Lila alipomaliza kuchora upya.

Tangu siku hiyo ikawa kila akirudi kazini anasimama nje, anafumba macho, anapiga hodi. Aliye karibu humwendea, akamshika mkono, akamvusha. Mara Hansa, mara mimi, mara Bi Lila mwenyewe na vidole vyake vyenye manjano. Hata Mjomba Makame alimvusha, tena kijeshi, kwa kuhesabu hatua. Bibi ndiye aliyekuwa na kelele: "Inua mguu, kizingiti hicho! Inua, mwanangu, usiniangukie!" Majirani wa ng'ambo ya kichochoro walieneza habari kwamba Mjerumani anapofuka, na mmoja alimletea dawa ya macho.

Siku ya harusi Bi Helga aliteremka akiwa amevaa sari ya kijani aliyoazimwa na Bi Lila, fupi kwake kwa shibiri nzima. Hansa alikuwa anatolewa, mikono imejaa hina, ngoma imejaa kichochoro. Bi Helga aliniomba mkono kama kawaida. Nikampa. Ila safari hii hakufumba macho. Alisimama kwenye kizingiti akaitazama ile alama, ya kulia, kisha ya kushoto, na vidole vyangu akaviminya mpaka vikaniuma. Nilivumilia. Hansa akapita katikati ya alama hizo, amevaa nyekundu na dhahabu, akiinamisha kichwa, naye Bi Helga akatoka nyuma yake pamoja na wanawake wengine.

"Bado sipendi," aliniambia nje. Halafu akapewa ladu, akala.

Wote wamekwisha kutawanyika. Bi Helga alimaliza muda wake akarudi kwao, akilia bandarini kama aliyezaliwa Kiponda. Bi Lila na mumewe walimfuata Hansa Dar es Salaam. Bibi na Mjomba wapo makaburini. Nyumba ile sasa ni ya wageni, mlangoni pana bei za vyumba, na wapangaji wanakaa siku chache wakaondoka bila kujuana. Naipita nikienda sokoni, na nasema kweli, moyo unaniuma. Watu wale walikuwa na mambo mazito kuliko yetu, lakini walikuwa na ngazi moja, na ngazi moja haikuruhusu mtu kununa kwa muda mrefu.

Juzi mjukuu wangu alinionesha kwenye simu yake watu wanavyotukanana kwa alama hiyo hiyo, imechorwa kwenye mlango wa mtu katika nchi nisiyoijua. Wengine wanasema ni ya uovu, wengine wanasema ni ya ibada, na matusi yanateremka tu. Hakuna hata mmoja kati yao aliyefika kwenye mlango wenyewe. Akaniuliza nani mkweli. Nikamsimulia haya yote, naye, Mungu ambariki, alisikiliza mpaka mwisho.

"Sasa nani alishinda, Bibi?" akaniuliza.

"Hansa aliolewa," nikamwambia.

Akaona sijamjibu, akarudi kwenye simu yake.