Wimbi Halimo Kwenye Kadi

Mogesi alikuwa amechoka tangu asubuhi, na foleni ilikuwa haijasogea. Jua la Kemambo mwaka ule wa njaa halikuwa na huruma, na kijiji chenyewe kilikuwa kipya, watu wamehamishwa, mihogo yao wameiachia nguruwe pori. Sasa kila nyumba ilitegemea duka la kijiji na kadi ya chakula cha msaada.

Nyumbani alimwacha Verdiana na mtoto mchanga. Wanaojua mila za Wakurya hawahitaji kuelezwa sana: Mogesi hakujaliwa mtoto wa kiume, mumewe akafa, naye akatoa ng'ombe akaoa mke, huyo Verdiana, ili amzalie mrithi wa boma. Nyumba ntobu, ndoa halali kabisa. Walingoja mpaka wakakata tamaa, halafu mwezi ule, jamani, dume! Lakini maziwa ya Verdiana yalikuwa yanakauka, na kwa Wakurya mzazi hunywa uji wa wimbi, yaani ulezi, ndipo maziwa yaje.

Zamu yake ilipofika, Simioni muuza duka akampimia maharage na unga wa yanga, ule wa njano unaonuka gunia.

"Mwanangu, niwekee wimbi badala ya huu unga. Nina mzazi."

"Mama, kadi inatoa unga na maharage, basi. Chumvi hapana, sukari hapana, sabuni usiulize. Wimbi ndiyo kabisa."

Method, katibu wa kijiji, kijana wa kutoka Musoma, akadakia mlangoni: "Wimbi ni la pombe, mama. Serikali haigawi pombe."

Pombe! Sijui huyu alilelewa kwa uji gani. Lakini Mogesi hakuwa na nguvu za kubishana. Alijitwisha unga wake, akaenda moja kwa moja mpaka kwa jirani yake Agustina, aliyekuwa bado na wimbi kidogo ghalani, wakabadilishana mchana kweupe watu wakiona. Ajifiche nini? Kwao, kubadilishana chakula na jirani hakujawahi kuitwa biashara. Jioni Verdiana akanywa uji, asubuhi matiti yakajaa, na Mogesi akacheka peke yake jikoni.

Hakucheka sana. Method alikuja pamoja na Joram, balozi wa nyumba kumi.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba."

"Msaada hauuzwi. Naomba kadi."

"Nimeuza nini mimi? Nimebadilisha!"

"Ndiyo kuuza kwenyewe."

Akaitoa. Afanyeje? Ndani mtoto akaanza kulia, na Method, ambaye kwa kweli hakuwa mtu mbaya, akakuna kichwa.

"Njia ipo. Huyu binti naweza kumwandika kaya yake mwenyewe, mwanamke asiye na mume. Anapata kadi leo hii. Ila useme mbele ya balozi kwamba si mke wako, na mtoto si wa nyumba yako."

Joram alikuwa amekula nyama siku ya ndoa ile. "Katibu," alisema, "hilo usimwombe."

Mogesi akashika mwimo wa mlango. Angeweza kumfukuza huyu kijana kwa fimbo. Lakini maziwa yamerudi jana tu, na mzazi asipokula yatakwenda tena.

"Mwenye njaa hana miiko, Joram. Andika, mwanangu. Si mke wangu."

"Na mtoto?"

"Ni wa mama yake."

Method akaandika kadi mpya, akaiacha, wakaondoka. Verdiana akatoka ndani, maskini, amesikia kadi ikidaiwa tu, mengine yamemezwa na kelele za mtoto.

"Mama, wamekubali tuendelee kupata unga?"

"Wamekubali. Nenda dukani kachukue unga wako."

Verdiana akafunga kanga vizuri, akamnyooshea Mogesi mtoto amshikie mpaka arudi. Mogesi akampokea kwa uangalifu, kama unavyompokea mtoto wa jirani.