Nusu Kimanda cha Kaka Saturio

Simu ililia nikiwa namenya viazi. Aliyepiga ni Fidencio, beki wa zamani wa Deportivo Villarmenta na rafiki wa kaka yangu tangu utotoni. Huyu mtu hajawahi kusema neno kwa sauti ya chini, hata kanisani. Siku hiyo alinong'ona.

"Casilda, refa amepuliza filimbi."

"Refa gani? Leo Jumanne."

"Refa wa juu, dada yangu. Mwenyewe."

Nikakaa juu ya ndoo ya maganda. Kaka Saturio alikuwa hospitalini tangu sikukuu ya Watakatifu Wote, kifua kimembana, na madaktari hawakutuficha kitu. Lakini kujua si kuzoea. Nilifanya ishara ya msalaba, kisu kingali mkononi.

"Alisema nini mwishoni?"

"Aliuliza kama kuna mawingu."

Hapo kilio na kicheko vikanijia kwa pamoja. Katika ugonjwa wake wote kaka aliniomba jambo moja tu: "Casilda, nilishatoka uwanjani nimelowa mbele ya mji mzima. Safari hii nitoke mkavu." Nilimwahidi. Sasa nikatazama dirishani. Mawingu yalikuwa yamelala juu ya mapaa ya Villarmenta kama kondoo wachafu, na redio ilikuwa imeshatangaza mvua kwa mkoa wetu wote wa Castilla. Mazishi yalikuwa kesho yake, saa sita mchana.

Mungu amrehemu, kaka hakuzaliwa na ndoto ya kuwa golikipa. Baba yetu aliuza matikitimaji. Alisimama juu ya lori akimrushia Saturio moja moja, naye alidaka na kupanga sokoni. Tikiti lililopasuka halikuuzwa, tulikula sisi. Kwa hiyo mimi na Mama tulikaa pembeni tukimwombea aangushe. Alivyozidi kukua ndivyo tulivyozidi kukosa matikiti.

Don Abundio, kinyozi aliyekuwa pia kocha wa Deportivo, alimwona siku moja sokoni akidaka tikiti kwa mkono wa kushoto huku wa kulia ukijikuna mgongo. Jumapili iliyofuata kaka akawa golini.

Alikuwa kipa mzuri kweli, na sisemi hivyo kwa sababu tulinyonya ziwa moja. Tatizo lake lilikuwa mvua. "Mpira mkavu ni tikiti," alisema. "Mpira uliolowa ni samaki." Kwetu, bibi harusi anayetaka jua siku yake hupeleka mayai kwa masista wa Mtakatifu Klara, nao humwombea. Mama akasema kama Mtakatifu anasikiliza habari za shela na viatu vyeupe, atasikiliza na za mwanawe. Basi kila Jumapili ya mechi, dazeni moja ya mayai ya kuku wetu ilikwenda konventi. Padre Honorio alituonya kwamba mayai si sakramenti. Sawa, lakini sadaka ni sadaka, na masista nao wanakula.

Ikafika mechi dhidi ya Atlético Peñalba. Tukishinda au tukitoka sare, tunapanda ligi daraja la pili. Mji wote ulikuwa haulali. Asubuhi Don Abundio akasema kikapu cha mayai asibebe Mama, abebe Saturio: "Mikono yake ndiyo tunayoilipa." Fidencio akamsindikiza kama mlinzi.

Walikuta masista wako kwenye sala, na kile kisanduku cha mbao kinachozunguka ukutani, ambamo watu huweka vitu bila kuwaona masista, kimefungwa. Ng'ambo ya barabara ilikuwepo baa ya Doña Brígida. Yaliyotokea humo tunayajua vizuri, maana Brígida aliyasimulia mpaka siku anakufa.

"Njaa inaniua," alisema Fidencio. "Beki mwenye njaa humwona mshambuliaji mmoja kama wawili."

"Haya ni ya Mtakatifu Klara."

"Mtakatifu Klara yuko mbinguni, ameshiba. Haya tutakula, na mengine tutanunua."

"Fidencio, huku ni kumkosea Mungu."

Brígida akaingilia akiwa na kikaango mkononi: "Na kitunguu au bila?"

"Bila," akasema kaka.

"Bila kitunguu? Wewe ulilelewa na nani, mbwa mwitu?" akafoka Fidencio.

Wakabishana kuhusu kitunguu kwa muda mrefu mpaka wakasahau kubishana kuhusu dhambi. Kimanda cha viazi kikaiva, kinene kama godoro, chenye kitunguu. Walipofika nusu, kaka akakumbuka kwamba ilikuwa Jumapili. Maduka yote yamefungwa, na katika kila nyumba mayai yalikuwa yameshaingia kwenye kikaango kwa chakula cha mchana.

Mwingine angekwenda uwanjani akanyamaza. Kaka yangu alikuwa mwaminifu. Alichukua sahani yenye ile nusu iliyobaki, akavuka barabara, akaiweka ndani ya kisanduku.

"Salamu Maria, uliye safi kabisa," akasema, kama tunavyosema pale.

"Uliyekingiwa dhambi ya asili," ikajibu sauti ya Sista Perpetua, aliyekuwa bado kijana. Kisanduku kikazunguka.

"Mwanangu, hii ni nini?"

"Mayai, Sista."

"Yamepatwa na nini?"

"Viazi, Sista."

"Na nusu nyingine?"

Kaka akamtazama Fidencio aliyekuwa akifuta mafuta kidevuni. "Imetangulia, Sista."

Sauti ikasema kwa upole: "Tutaomba kwa kadiri ya tulichopokea."

Mimi nilikuwa uwanjani siku hiyo, nimekaa karibu na Mama. Kipindi cha kwanza jua liliwaka kama la Agosti, mwezi wetu wa joto kali. Kaka alipangua penalti, akaruka kona hadi kona, akadaka mipira kana kwamba ni Baba aliyekuwa akimrushia. Refa akapuliza mapumziko, bila bila. Timu ziliporudi, tone la kwanza likamwangukia Mama puani.

"Casilda," akasema, "kuna jambo halikwenda sawa na yale mayai."

Mvua ikafunguka yote. Karibu na mwisho, mshambuliaji wa Peñalba alipiga shuti dhaifu kutoka mbali, shuti ambalo bibi yangu angelidaka kwa aproni. Kaka akachuchumaa, akaukumbatia mpira. Mpira ukamtoka kifuani, ukapita katikati ya miguu, ukatambaa taratibu kuelekea mstarini huku watu wote wakiutazama, naye akiufukuza kwa magoti kama anayemfukuza bata. Goli. Peñalba wakapanda, sisi tukabaki.

Alitoka uwanjani matope hadi nyusi, katikati ya safu mbili za miavuli. Brígida alikuwa ameshafanya kazi yake, na habari zilikuwa zimetembea jukwaa zima.

"Nusu Kimanda!" wakapiga kelele. "Nusu Kimanda! Nusu nyingine iko wapi?"

Mama akamsubiri mlangoni. "Ulikula mayai ya Mtakatifu?"

"Nusu tu, Mama."

"Tumeona."

Jina hilo halikumtoka tena. Hata Padre Honorio lilimponyoka mara moja akitangaza ndoa ya kaka. Lakini njia za Mungu hazichunguziki. Siku ile alikuwepo mtu wa klabu moja kubwa ya kaskazini, ametumwa kutafuta kipa. Treni yake iliondoka mapema, kwa hiyo alitazama kipindi cha kwanza tu, akaenda zake. Baada ya siku chache akapiga simu kwenye baa ya Brígida kumtaka yule kipa wa ajabu, na Brígida, kwa mara ya kwanza katika maisha yake, akanyamaza.

Hivyo ndivyo kaka alivyofika ligi kuu, na kukaa benchi. Kipa wa kwanza kule alikuwa mtu mmoja aitwaye Arrizubi, mwenye afya kama ukuta wa kanisa. Misimu ikapita. Mama, ambaye asingemwombea mtu mabaya, aliwasha mshumaa akisema: "Bwana, mafua madogo tu. Yasiyo na homa." Mafua yakampata Saturio.

Mwisho watoto wa Arrizubi wakaleta tetekuwanga nyumbani, na baba yao akapata madoadoa mpaka kwenye kope. Kaka akaambiwa avae glovu. Mama hakumwamini mtu. Alipanda basi hadi kaskazini na kikapu mapajani, akatafuta konventi ya huko, akakabidhi mayai mwenyewe. Jua likawaka dakika zote tisini, jambo ambalo watu wa kule bado wanalishangaa. Ikawa bila bila. Hiyo ndiyo mechi pekee ya kaka yangu katika ligi kuu. Hakufungwa goli, wala hakuna anayeikumbuka isipokuwa sisi.

Alipostaafu alirudi Villarmenta kugawa mitungi ya gesi, akipanda ngazi na mtungi begani. Wamama walimwita kutoka madirishani: "Nusu Kimanda, leta mzima leo!" Naye aliwajibu: "Mtungi ukilowa utaanguka!" Hakumkasirikia mtu, lakini mvua ikianza aliingia ndani.

Basi asubuhi ya mazishi nilijaza kikapu. Fidencio alikuwa mlangoni amevaa tai.

"Nipe mimi," akasema.

"Wewe?"

"Kipa hayupo. Beki ndiye anayebaki."

Tulipita mbele ya baa. Binti yake Brígida, ambaye ndiye mwenye baa sasa, akachungulia: "Mjomba Fidencio, nikukaangie?" Kisha akaona tai, akaona kikapu, akafunika mdomo. Fidencio hakugeuka. Alikumbatia mayai kama mtoto wa kubatizwa.

Kisanduku kikazunguka. Sauti ya ndani ilikuwa ya kizee, lakini ni ile ile.

"Mazima?"

"Mazima, Sista," akasema Fidencio.

"Yote?"

"Yote, Sista Perpetua." Machozi yalikuwa yakimdondoka kwenye tai.

"Alikuwa kijana mwaminifu," ikasema sauti. "Na kile kimanda kilikuwa kizuri. Nendeni. Tunaanza sasa hivi."

Misa ilikuwa fupi. Wazee wa Deportivo walibeba jeneza kutoka kanisani hadi makaburini, wakapumzika njiani kwa sababu ya magoti yao. Anga lilikuwa jeusi kutoka ukingo hadi ukingo, na halikudondosha kitu. Padre alisoma sala. Kwetu wafu huzikwa ndani ya ukuta wa makaburi; kabla hawajalisukuma jeneza ndani ya tundu lake, nilipitisha kiganja juu ya kifuniko, nikakitazama: vumbi tu. Fundi akaweka jiwe, akaliziba kwa saruji. Tukasali Baba Yetu na Salamu Maria. Matone yalianza tulipofika kwenye lango, na Fidencio alikuwa amesahau mwavuli, basi tukatembea wawili chini ya wangu hadi nyumbani.