Mawe ya Nyumba Iliyoanguka

Nakumbuka siku moja, mwanangu, niliyofunzwa mbele ya askari katika uwanja wa kituo cha polisi Kilwa Masoko. Nilikuwa nimemaliza chuo kikuu mwaka huohuo, na nilijiona mtu mwenye jibu la kila swali.

Ilikuwa miaka ile biashara ilipofunguliwa na watu binafsi wakaruhusiwa kununua korosho. Shangazi yangu Bi Somoe, mjane aliyejua kusoma Kurani tu, aliuza shamba lake la minazi akanunua lori. Ukoo mzima tulilitegemea.

Lori hilo lilikamatwa likitoka Kivinje na mawe ya nyumba ya marehemu mumewe, iliyoangushwa na mvua. Kwetu nyumba ya mawe ikianguka, mawe hayatupwi; huhamia kwenye msingi wa nyumba nyingine. Afisa wa madini aliandika kwamba yamechimbwa bila kibali. Na huko Nyangamara wakulima walikwisha kukausha korosho, wakilisubiri lori hilohilo. Likikaa kituoni wiki moja zaidi, mnunuzi mwingine angeuchukua msimu wote.

Nilijitolea kulikomboa. Niliandika barua ya kurasa nne, yenye vifungu vya sheria na maneno makali juu ya afisa huyo, kijana wa rika langu. Nakiri kwamba sikupanda juu ya lori hata mara moja kuyatazama mawe yenyewe. Barua yangu ilijibiwa kwa mstari mmoja: lori libaki lilipo, shauri liende mahakamani.

Siku ya tano shangazi alivaa buibui akaja mwenyewe. Afisa alimpa shikamoo, naye akaitikia marahaba, akamuuliza kwao wapi. Kumbe ni kijana wa Mtama. Wakazungumza kwanza habari za mvua za huko, nami nachemka pembeni. Kisha shangazi akamwomba, kwa sauti ya mtu anayeomba maji ya kunywa, tupande sote juu ya lori. Akageuza jiwe moja lililogandwa na chokaa ya ukuta, na jingine lenye masizi ya jikoni mwake.

“Hili nimelipaka chokaa mwenyewe, Idi baada ya Idi.”

“Mbona hamkunieleza hivi tangu mwanzo, mama?”

“Tulimtuma msomi, baba. Alikuwa na makubwa zaidi ya kusema.”

Askari waliokuwa chini wakacheka. Niliinamisha kichwa kwa aibu, na hapo ndipo nilipoliona jiwe jipya, lenye udongo mwekundu mbichi na alama za sululu. Chini yake yalijificha mengine ya aina hiyo. Afisa alikwisha kutoa kalamu aandike lori liachiwe. Nikalifunika lile jiwe kwa kiatu.

Shangazi akakitazama kiatu changu.

“Ondoa mguu, baba.”

Nikauondoa. Akaliinua jiwe kwa mikono miwili, akaliweka mbele ya afisa.

“Haya si ya nyumba yangu. Sijui yameingiaje, ila lori ni langu. Yaandike nayo.”

Nilijua tumelipoteza lori, na msimu pamoja nalo. Dereva wetu, aliyekuwa amesimama chini, akasema kwa sauti ndogo kwamba ni yeye aliyeyapakia njiani, kwa ajili ya kibaraza chake. Afisa akayageuza mawe yale moja moja. Mwishowe akaamuru mawe mapya yashushwe, akaandika onyo kwa jina la shangazi, naye akatia dole gumba bila kunung’unika. Alasiri hiyo lori likaondoka. Afisa aliponirudishia barua yangu, alisema, “Ningesaini halafu mkubwa wangu ayaone mawe yale barabarani, mguu wako ungenifukuzisha kazi, ndugu yangu.”

Mwanangu, nimekaa na walimu wengi, na bado sijaona somo lililonizidi kimo kama lile. Ukishtakiwa, kakitazame kwanza kwa macho yako kitu chenyewe unachoshtakiwa kwacho, kabla ya kuandika neno. Anayekushtaki mwamkie kama mtu mwenye kwao na mwenye kazi anayoiogopea. Na ukiliona kosa upande wako, litaje wewe kabla hajaliona yeye, hata kama haki yako iliyobaki imekaribia mkononi.

Mwenyezi Mungu akujalie haki isiyohitaji maficho, na akubakishie watu wazima wa kukukemea ungali na nafasi ya kujirekebisha. Amina.