Lori Lililoingia Uwanjani kwa Mazoea

Jua limeshachomoza upande wa mji wa Rutba, lakini kikaango cha Shlash Dakhil bado ni kitupu. Kimetulia juu ya mafiga ya matofali, mafuta yameshapata moto na nyanya zimekatwa. Kinachokosekana ni mayai.

"Mayai hayanunuliwi hapa," anasema, akisogeza kuni kwa ncha ya kiatu. "Hapa mayai huvunjika yenyewe."

Hatanii. Katika uwanja huu wa mpaka wa Iraki na Jordani, jangwani ambako hata mbuzi hupita shingo upande, malori yalikuwa hayaruhusiwi kuvuka. Lori la Mjordani lilirudi kinyumenyume mpaka likakutana mgongo kwa mgongo na la Mwiraki. Kati yao walisimama makuli, wakihamisha mzigo boksi kwa boksi. Yai lililopata ufa mikononi mwa kuli lilikuwa mali ya kikaango, na kikaango kilikuwa cha wote. Madereva wa pande mbili na makuli walikizunguka, kila mmoja akichovya mkate wake.

Leo hakuna kitakachopata ufa. Leo unaanza mpango wanaouita mlango kwa mlango: lori linafungwa kwa lakiri, muhuri wa forodha wa mlango wa nyuma, kule Amman, linakaguliwa hapa, halafu linanyoosha hadi Baghdad bila kufunguliwa. Mpango huo umewahi kutangazwa ukakwama, ukatangazwa tena ukakwama tena. Safari hii hautanii. Lori la kwanza liko ng'ambo ya lango kwenye ukaguzi, na limebeba mayai.

Kando ya barabara wamesimama makuli wapatao arobaini wasio na cha kubeba. Mmoja wao, Nayif Hamad, ameshika mkasi mkubwa wa kukatia vyuma.

Shlash ndiye nyapara wao. Ana umri wa miaka hamsini na miwili, bega la kulia limeota sugu nene, na wenzake humwita Abu Mishan kwa jina la mwanawe wa kwanza. Nayif ni mdogo wa mke wake.

"Shemeji, weka hicho kidude chini."

"Nitakiweka nikimaliza kazi nacho."

"Kazi gani? Ukikata lakiri unakwenda jela. Wale pale hawaangalii mawingu." Anawaonyesha kwa kidevu askari wa mpaka waliokaa garini mwao.

"Jela kuna chakula," anajibu Nayif. "Kwangu kuanzia kesho hakuna."

Makuli wanacheka, lakini kicheko chenyewe hakifiki mbali.

Shlash alikuja hapa akiwa mchunga kondoo aliyefilisiwa na ukame. Alikuja na bega lake tu. Vita vilipofunga barabara alirudi Rutba akauza vyuma chakavu, ilipofunguliwa akarudi. Kundi la makuli sita lilipata dinari laki moja na nusu kwa lori moja, wakagawana. Siku njema walimaliza malori mawili. Kwa hela hiyo alimaliza nyumba na kuoza mabinti wawili.

Ukimuuliza kama mpango mpya ni mbaya, hakuridhishi kwa kukuitikia tu.

"Sisi tulikuwa tunakula ugonjwa wa mpaka," anasema. "Lori likilala hapa, tajiri wa Baghdad analia, sisi tunapika. Kufa kufaana. Sasa mgonjwa anapona, nitamlilia? Lakini na mimi niambiwe nitakula nini."

Hakuna aliyemwambia. Katika vikao vya kupanga mambo haya waliitwa wenye malori, wenye maghala na watu wa forodha. Bega halikuitwa. Nyumbani, mkewe Wadha amesikia redioni kwamba mayai yatashuka bei. "Yashuke, heri," alimwambia mumewe jana akimfungia mikate. "Tutayanunua kwa hela gani?" Shlash aliuchukua mfuko wa mikate akaondoka.

Uwanja huu una sheria moja ambayo haijaandikwa popote. Zamani makuli walipigania malori kwa ngumi, na mmoja alitobolewa jicho. Shlash ndiye aliyewakalisha chini wakakubaliana: lori likishaingiza tairi za nyuma uwanjani, ni la kundi la zamu, na lazima lishushwe na kundi hilo. Hapingi mtu, hata nyapara mwenyewe. Tangu siku hiyo hakuna ngumi iliyorushwa.

Lango linafunguka.

Askari wanashuka garini mwao. Nayif anaingia katikati ya barabara na mkasi wake, na wenzake wanamfuata mmoja mmoja mpaka barabara inazibika. Lori linakuja polepole, jeupe, limeoshwa kwa ajili ya siku hii. Shlash anatazama kioo cha mbele, kisha anaufunika uso kwa kiganja.

Dereva ni Ratib, Abu Ghaith, Mjordani wa mji wa Ramtha, mtu aliyekula kwenye kikaango hiki miaka na miaka. Lakiri ikikatwa, mzigo wake utazuiliwa na leseni yake itakwenda na maji.

"Afadhali wangemleta nisiyemjua," ananong'ona Shlash.

Lori linapunguza mwendo. Mbele kuna watu, kulia kuna uwanja. Hapo Ratib anafanya jambo ambalo hakuna aliyelitarajia, naye mwenyewe hakulitarajia. Anakata kona, analivuta lori mbele kidogo, kisha analirudisha kinyumenyume uwanjani, nafasi ya nne, kama alivyozoea.

Anayeshangaza zaidi ni Shlash. Anakimbilia nyuma ya lori na kupiga ubavu wa tela kwa kofi.

"Njoo, njoo! Kata kushoto! Nyoosha... hapo hapo!"

Lori linasimama. Nyuma yake hakuna lori jingine. Kuna changarawe na upepo. Shlash anautazama mkono wake mwenyewe ulioko juu, kama vile ni wa mtu mwingine, kisha anaushusha taratibu.

Ratib anaruka chini. Anaangalia mahali alipo, anajishika kichwa. "Wallahi mikono ndiyo iliyokata kona, si mimi!"

"Limeingia!" Nayif anapaza sauti. "Tairi za nyuma hizo hapo ndani. Zamu ya nani leo?"

"Yetu!" wanaitikia watano wa kundi lake.

"Na sheria ni ya nani?"

Macho yote yako kwa Shlash. Wahenga walisema sheria ni msumeno, hukata mbele na nyuma, na asubuhi hii umemrudia seremala wake.

"Abu Mishan," anasema Ratib, "nina watoto."

"Wa kwetu ni wa kuazima?" anauliza Nayif. Ameshafika mlango wa nyuma. Meno ya mkasi yameuma lakiri. Askari mmoja anampigia kelele aache, mwingine ameweka mkono kwenye bunduki.

Shlash anakwenda mpaka karibu yake. Hamnyang'anyi mkasi.

"Nayif yuko sawa," anasema kwa sauti ya kusikika na wote. "Lori limeingia, lazima lishushwe. Siwezi kuvunja niliyoyaweka mwenyewe."

Ratib anakaa kwenye kidato cha lori lake.

"Lakini lakiri imefunga mlango huu tu," Shlash anaendelea. "Abu Ghaith, mle kabatini mwako mna nini?"

Kila dereva wa safari ndefu ana kabati la chuma ubavuni mwa tela, la jiko, sufuria na akiba yake ya njiani. Ratib anamkodolea macho, halafu anainuka ghafla na kulifungua. Ndani yake, kati ya birika na jiko, kuna trei ya mayai.

"Nilitaka kuwaachia nikipita," anasema. "Nilijua leo kikaango kitalala njaa."

"Huo ndio mzigo. Kundi la zamu, shusheni!"

Hakuna anayesogea. Meno ya mkasi hayajaachia.

"Shemeji, unanifanyia mzaha mbele za watu," anasema Nayif, na macho yake yamejaa maji.

"Nakupa kazi iliyopo, Nayif. Ningekuwa na nyingine ningekupa. Ile ya jela unayo mkononi, chagua."

Askari wa bunduki anapiga hatua moja. Nayif anaitazama lakiri. Kisha anaufungua mkasi.

Wanajipanga mstari, watu sita, kama walivyojipanga kwa maelfu ya maboksi. Trei inatoka kabatini, inapita mkono kwa mkono, kila mmoja akiipokea kwa uzito isiokuwa nao. Wa mwisho ni Nayif. Anaitua kando ya moto.

"Hata moja halikuvunjika," anasema kuli mmoja, na wenzake wanainamisha nyuso.

Basi inabidi wavunje wenyewe. Nayif anachukua yai la kwanza na kuligonga kwenye makali ya mkasi wake. Ratib anapoingiza mkono mfukoni kutoa hela ya ushushaji, Nayif anamwonya bila kugeuka: "Ukitoa hela, lakiri kweli naikata." Ratib anautoa mkono mtupu, anachukua kipande cha mkate. Hata askari wa bunduki anapewa tonge lake, na analila kwa aibu kidogo.

Ratib anaondoka, lakiri ikiwa nzima, akipiga honi mpaka anapotea machoni.

Sasa Shlash anazungumzia mipango yake. Ataomba ruhusa ya kuezeka mabati hapa alipo, aongeze kikaango cha pili, Wadha aje aoke mikate. Nayif atengeneze tairi, "maana chombo cha chuma anacho tayari."

Na wengine waliobaki?

Anasugua sugu la bega. "Watu arobaini hawawezi kukaanga mayai," anasema. "Hilo sitakudanganya. Linaninyima usingizi."

Anaulizwa pia kuhusu malori. Si hayana haja ya kusimama tena?

"Ratib alikuwa na haja gani?"

Kabla hajaendelea, lango linafunguka tena. Lori la pili. Shlash anainuka, anasogea kando ya barabara na kuinua mkono. Dereva ni kijana aliyevaa miwani myeusi, wala hageuzi shingo. Lori linapita kwa kasi na kumwaga vumbi uwanja mzima. Shlash anakimbia kufunika kikaango kwa sinia. Anangoja vumbi litulie. Kisha anafunua, anatazama ndani, anaridhika.

"Huyo," anasema, akichagua yai jingine kwenye trei, "bado hajala kwetu."