Nyumba Ambayo Mama Hajalala

Nina nyumba Mikumi. Ina vyumba vitatu, bati la kijani, na ukuta wa mbele ambao mke wangu alichagua rangi yake kwa wiki tatu nzima. Tumeishi humo miaka kumi. Mama yangu hajawahi kulala ndani yake hata siku moja, na kosa si lake.

Nianze na mke wangu, maana bila yeye ningekuwa bado nimepanga. Alizaliwa Kilosa, kwenye nyumba za reli. Babu yake alikuja kufanya kazi ya reli akiwa kijana, baba yake akaifuata kazi hiyohiyo, na nyumba waliyoipaka chokaa miaka yote hiyo haikuwa yao. Baba yake alipostaafu walipewa muda wa kuhama. Mke wangu alikuwa darasa la sita. Anakumbuka vitanda vimeshatolewa nje, gari linasubiri, na mama yake akarudi ndani kufagia mara ya mwisho. Nilipomchumbia aliniambia kwamba atanipikia, atanifulia na atanivumilia, lakini hatafagia nyumba ya mtu mwingine mpaka uzeeni.

Watu wengi wa kwetu hujenga polepole. Mwaka huu kiwanja, mwaka ujao msingi, tofali zinapangwa nje mpaka zinaota majani, na bati huja Mungu akipenda. Mke wangu ni muuguzi, na subira yake yote huimaliza kwa wagonjwa. Ilipotokea nyumba iliyokwisha inauzwa, na benki ikakubali kutukopesha milioni thelathini za kulipa kwa miaka ishirini, tulisaini wote wawili.

Mimi ni mwalimu wa hisabati. Nalitaja hilo mapema ili msomaji acheke mapema tuendelee. Niliona kwenye mkataba riba ya asilimia kumi na tano, nikahesabu kama tunavyohesabu kwenye kikoba chetu cha walimu: ukikopa laki moja, unarudisha laki na elfu kumi na tano, mchezo umekwisha. Kwa hiyo kichwani mwangu nilikuwa nimekopa milioni thelathini na nitarudisha kama thelathini na tano hivi. Marejesho ya kila mwezi, laki tatu na tisini na tano, yalikatwa kwenye mishahara yetu kabla hatujaiona, na kitu usichokiona hakikusumbui. Kuzidisha namba hiyo kwa miezi mia mbili na arobaini ni kazi ya dakika moja. Sikuifanya. Nilikuwa nimeipenda nyumba, na mtu aliyependa hapigi hesabu.

Mama anaishi Tindiga, analima mpunga. Tulipohamia alikuja kutuombea dua. Kwetu mama hulala siku ya kwanza kwenye nyumba mpya ya mwanawe, ndipo nyumba inahesabika ina watu. Mke wangu alikuwa ametandika shuka mpya. Mama aliingia chumba hadi chumba, akasifu, akagusa kuta, akauliza tulipata wapi fedha. Nikamweleza.

"Kuna riba?" aliuliza.

"Ipo, mama. Kidogo."

Alitoka akakaa barazani. Mama ni Mwislamu wa kweli, wa matendo, asiyependa kuwahubiria watu. Lakini haikuwa dini peke yake. Mwaka mmoja wa njaa, mimi nikiwa bado sijaanza shule, marehemu baba aliuza mpunga ungali kijani shambani. Alichukua gunia moja la mahindi kwa ahadi ya magunia mawili ya mpunga ukivunwa. Mvua ikaharibu, mawili yakawa manne, na manne yakaondoka na shamba letu la bondeni. Mama bado hulipita shamba hilo akienda kisimani.

"Chai nitakunywa," alisema. "Hiyo ni ya jasho lenu. Kulala, siku mtakayoniambia nyumba ni yenu."

"Ni miaka ishirini, mama!"

"Basi miaka ishirini."

Alikuwa na miaka sitini na miwili. Nilikasirika, sifichi. Nilimwona mkaidi. Aliondoka na gari la mchana, na mke wangu akalia akikunja zile shuka. Tangu siku hiyo mama amekuja mara nyingi. Hufika asubuhi na kuku au mchele, hucheza na wajukuu, husali Alasiri sebuleni kwetu, kisha huaga. Ukimwambia jua linakuchwa, anakwambia analiona.

Mwaka wa sita niliamua kumfurahisha. Nilimwambia kwamba tumeshamaliza karibu theluthi ya deni, nikaahidi kumletea karatasi ya benki aione. Nilishuka Kilosa siku ya Ijumaa, nikamkuta afisa mikopo, dada mmoja kijana mwenye adabu sana, nikamwomba taarifa ya mkopo wetu. Akachapisha, akanisogezea.

Nilisoma mara ya kwanza nikadhani kanipa ya mtu mwingine. Kwa miaka sita tulikuwa tumelipa milioni ishirini na nane na zaidi. Deni lililobaki lilikuwa milioni ishirini na saba na laki saba.

"Dada, hapa kuna makosa."

"Hakuna makosa, mwalimu," alisema, kwa upole wa mtu aliyewahi kusema maneno hayo kwa wengi. "Riba inahesabiwa kila mwezi kwenye deni lililobaki. Mwanzoni deni ni kubwa, kwa hiyo karibu malipo yote yanaishia kwenye riba. Kinachopunguza deni lenyewe ni kidogo. Baadaye ndipo linashuka haraka."

"Na mpaka mwisho tutakuwa tumelipa ngapi?"

Akabonyeza kikokotoo. Karibu milioni tisini na tano. Nilikuwa nimefundisha hesabu hizi kwa miaka kumi na minne, nikiwachapa wanafunzi kwa kusahau mabano. Waswahili husema kukopa harusi, kulipa matanga, na siku hiyo nilikaa matanga peke yangu kwenye kiti cha benki, na feni inanipepea.

Ningeweza kurudi Mikumi nikamwambia mama karatasi haikupatikana. Lakini nilikuwa nimeahidi, na kutoka Kilosa kwenda Tindiga si mbali. Nilimkuta akipepeta mchele.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Uso wako una nini?"

Nikamweleza yote. Nilitumia nusu saa na kijiti, nikichora mistari chini kama nilivyozoea ubaoni. Hakuhitaji hata robo yake.

"Yaani unapopeleka gunia, wao wanakula kwanza washibe," alisema. "Makombo ndiyo yanapunguza deni. Na kwa kuwa deni halipungui, kesho wanakula vilevile."

"Ndiyo hivyo, mama."

"Baba yako alikuwa hivyohivyo. Alilipa mpaka akachoka, deni limekaa tu."

Nilitegemea aseme kwamba haya aliyaona mapema. Hakusema. Aliendelea kupepeta, kisha akauliza swali ambalo mimi, mwenye shahada, sikuwa nimemuuliza dada wa benki: je, mtu akipeleka gunia la ziada, na wao wameshashiba, linakwenda wapi?

Tulikwenda kuuliza Jumatatu iliyofuata, mimi na mama. Mama alivaa baibui lake la Idi. Dada wa benki alisimama, akapiga goti kidogo kumwamkia, na mama akamwitikia kama mkwe anayemchunguza. Kisha akarudia swali lake. Dada akasema ya ziada inakwenda yote kwenye deni lenyewe, mradi tuandike barua kuomba hivyo. Akapiga hesabu. Milioni moja ikilipwa sasa, inafuta malipo ya mwaka mzima na nusu kule mwisho.

"Gunia kumi za mpunga," mama alisema taratibu, "ni mwaka na nusu?"

"Kwa sasa ndiyo, bibi. Kadiri miaka inavyokwenda inapungua, ndiyo maana ni vizuri kuwahi."

Mama akanigeukia. "Andika barua."

Nilikataa kuchukua mpunga wake. Tulibishana mpaka stendi, watu wakatutazama, mimi mtu mzima nikipaza sauti kwa mama yangu na kuona haya hapohapo. Mwisho tukakubaliana kwa namna yake. Atatupa majaruba manne ya shamba lake la mpunga tulime wenyewe, na kinachotoka humo ndicho kitakwenda benki. Mpunga wake abaki nao.

Hivyo ndivyo mimi na mke wangu tulivyorudi shambani. Likizo zote tuko Tindiga, miguu kwenye tope. Mke wangu, mtoto wa nyumba za reli, hakuwahi kushika mche wa mpunga, na ndani ya msimu mmoja alinishinda. Mama hukaa kwenye tuta na mwavuli wake akisimamia.

"Mwalimu, unapalilia au unasahihisha madaftari? Mkwe wangu ameshamaliza jaruba zima!"

Mpunga hatuuzi siku ya mavuno kama wenye shida. Tunauweka mpaka bei ipande, tunauza, tunafikisha milioni moja, tukipungukiwa tunachangia mfukoni. Kisha tunashuka benki, mama mbele. Kila mwaka husema sentensi ileile, na dada wa benki siku hizi huimalizia: hii isiliwe na riba. Sijui kama nimewahi kumpenda mama kuliko ninavyompenda akiwa kwenye foleni ile, ameshika barua ambayo hawezi kuisoma vizuri bila miwani, na miwani ameisahau.

Mwaka huu alianguka kisimani. Ilikuwa presha, ilikuwa imempanda siku nyingi bila kusema. Alilazwa hapa Mikumi siku tano, na daktari alipomruhusu alisema asiende mbali kwa wiki mbili, awe anapimwa kila asubuhi. Nikajua safari hii atalala chumba chetu cha wageni. Mke wangu akatandika.

Mama aliingia, akanywa uji, akasali. Jioni akaanza kufunga kanga zake.

"Mama, daktari amesema nini?"

"Amesema nisiende mbali. Hakusema nilale wapi."

Sikuwa na nguvu ya kubishana. Nilivuka barabara, nikapanga chumba kwa jirani anayetazamana nasi, elfu thelathini kwa mwezi, nikahamishia kitanda. Na kwa kuwa hakuweza kuachwa peke yake, nami nikaweka mkeka wangu kando yake. Wiki mbili nililala chumba cha kupanga, hatua ishirini kutoka kwenye nyumba inayonikata mshahara. Majirani wakasema mke wangu amenifukuza. Yeye alikuwa analeta chakula kwenye sinia akicheka, na siku nyingine alibaki, tukala watatu kitandani kama wanafunzi wa bweni. Nilifurahi sana wiki zile. Naona aibu kuandika hivyo, maana mama alikuwa mgonjwa.

Lakini mke wangu alikuwa anamuona kwa macho ya kazi yake. Asubuhi moja alinisubiri getini.

"Baba watoto, mwambie deni limekwisha. Avuke tu alale kwake. Mungu atatusamehe."

Kwa mke wangu hilo si jambo dogo. Tangu nimuoe sijamsikia akidanganya hata bei ya kitambaa. Niliona kwamba anajua kitu kuhusu moyo wa mama ambacho hakutaka kunieleza. Nikakubali. Nikavuka barabara nikiyapanga maneno.

Mama alikuwa amekaa nje ya chumba chake, anaitazama nyumba yetu. Nyani wawili walikuwa wanatembea juu ya bati, wanachungulia jikoni.

"Nzuri," alisema. "Ukiwa ndani huioni. Imebaki miaka mingapi?"

Alinitazama usoni. Nilifungua kinywa na uongo ulikuwa tayari, lakini uliotoka ni ukweli.

"Minne, mama. Na miezi kadhaa. Mvua ikitukubali."

Alishusha pumzi.

"Nilikuwa naogopa utaniambia imekwisha," alisema. "Ningekuamini. Ningevuka."

Alinishika mkono, akautumia kusimama.

"Kwa mgonjwa miaka minne ni mingi. Kwa mkulima ni mavuno manne. Nirudishe Tindiga, mwanangu, mbegu hazijalowekwa."

Nilimrudisha Jumamosi, daktari aliporidhika. Njia nzima alikuwa ananielekeza: tuta gani limebomoka, nani tumwite kulima, tuanze na jaruba lipi. Niliitikia kila neno. Kichwani nilikuwa na hesabu yangu moja tu, sabini na mbili kujumlisha nne. Ni hesabu ya mtoto wa darasa la pili, na mpaka tunafika kwake nilikuwa sijathubutu kuimaliza.