Sauti Iliyofungiwa Simuni

Bi Waya alikuwa fundi wa simu kwa miaka kumi na tisa, na kibanda chake nyuma ya duka la vitabu hakikuzidi upana wa kitanda. Jina hilo alibandikwa na wateja, naye akalizoea. Simu za wizi hakuzigusa. Aliyeleta simu iliyofungwa alihojiwa mpaka jasho limtoke, na wengi waliaga kwamba wanafuata risiti nyumbani, wakayeyuka.

Asubuhi moja aliingia mwalimu mstaafu akiwa amemshika mkono mumewe. Mzee alikuwa amepigwa na kiharusi miezi saba nyuma. Alisikia na kuelewa, lakini ulimi ulikuwa umegoma, na namba ya kufungulia simu yake ilikuwa imemtoka kichwani. Mke alieleza kwamba humo ndani mzee alikuwa amewarekodia wajukuu hadithi.

"Nimeanza kuisahau sauti yake," alisema, "na yeye yupo hapa hapa."

Bi Waya aliigeuza simu. Ilikuwa ya zamani, ya toleo ambalo chipu yake ilitoka kiwandani na ufa wa usalama. Kasoro ya programu huzibwa kwa sasisho; huu ulikuwa kwenye chipu yenyewe, haukuzibika. Ukiiunganisha na kompyuta kabla haijaamka sawasawa, unapenya hapo, unajaribu namba moja baada ya nyingine, na simu haijifuti kama kawaida namba zikikosewa mara nyingi. Lakini waya wa kompyuta hakuugusa kwanza. Alivuta kigoda akakaa uso kwa uso na mgonjwa.

"Baba, simu ni yako. Niifungue?"

Mke alitaka kumjibia. Fundi akamwomba radhi, akasubiri. Mzee aliitazama simu kitambo kirefu, kisha akaisukuma kwa kidole kuelekea kwa fundi.

Mara mbili simu ilizimika katikati ya kazi, ikabidi aanze upya. Namba ilipatikana alasiri. Fundi alifungua rekodi moja tu, akamkabidhi mke, akageukia ukuta.

Sauti ikatoka, nzito, yenye mzaha, ikisimulia habari za kiboko aliyeogopa maji. Mke akacheka, kicheko kikamgeukia kilio. Mzee alifumba macho, midomo ikicheza bila sauti, akilifuata kila neno. Mke alipotaka kuizima, akidhani inamtesa, mzee alimshika mkono akatikisa kichwa.

Wakasikiliza mpaka mwisho. Walipoondoka, Bi Waya alifunga kibanda, hakupokea simu nyingine ya kutengeneza siku hiyo.