Kupeleka Filamu kwa Mama Zuhura, Tandale

Filamu yangu ilikuwa imeshasifiwa katika kumbi zenye viyoyozi, lakini mwenyewe aliyemo ndani yake alikuwa hajaiona. Ndiyo sababu ya safari hii. Mama Zuhura, mama lishe wa soko la Tandale, alinipigia simu: "Nasikia nalia kwenye filamu yako. Ilete niione. Nisipoipenda, uifute." Nikamkubalia. Mimi huchora kila picha kwa rangi kabla ya kuipiga, hupiga mwenyewe, huhariri mwenyewe. Kazi ile ilinichukua miaka miwili, na sasa uhai wake ulikuwa mikononi mwa mtu mmoja.

Jumamosi alasiri niliondoka Kimara, projekta nimeifunga kwa kanga. Mwendokasi ulinishusha Manzese, bodaboda akanimalizia safari. Njia nzima nilikuwa naiwaza picha ya mwisho: Mama Zuhura anamenya vitunguu, machozi yanamtiririka, hakuna sauti. Sauti niliiondoa mimi, maana napenda ukimya. Watazamaji wa mjini walikuwa wakitoka ukumbini wameinamisha vichwa kwa huzuni, nami nikivimba kichwa.

Tandale, kwenye kibanda umiza cha Side, banda lake la kuonyeshea filamu, kulikuwa na mabenchi, feni moja na maikrofoni. Side hutafsiri filamu za kigeni huku zikiendelea, na wateja wake wameshazoea. Mama Zuhura alikaa benchi la mbele na wenzake wa sokoni.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Haya, washa."

Mwanzo ulikwenda vizuri. Ilipofika picha ya mwisho, mtu akapaza sauti nyuma: "DJ, tafsiri!"

"Sista, niingie?" Side akaniuliza.

"Utatafsiri nini, kaka? Hapo hakuna anayesema." Nilikasirika, sifichi.

Mama Zuhura akamnyang'anya maikrofoni. "Natafsiri mwenyewe. Jamani, hapo ndo kwanza nimepigiwa simu, Zuhura wangu kajifungua salama. Mie nina furaha hiyo, acha tu! Machozi ni ya vitunguu. Si mnaona natabasamu?"

Vigelegele vikalipuka. Niliitazama picha ile niliyokuwa nimeihariri mpaka macho yakauma. Kweli, alikuwa anatabasamu, nami sikuwahi kumuuliza.

Watu walipotawanyika nilimsogelea kwa woga. "Niifute, mama?"

"Uifute, na siku ya mjukuu wangu imo humo? Ionyeshe. Ila wasinionee huruma siku niliyofurahi."

Nilirudi Kimara jioni hiyo nikiwa mwepesi, na aibu kidogo. Nilijifunza kwamba uso wa mtu haujielezi wenyewe, hata ukiupiga vizuri namna gani. Filamu sikuibadilisha. Nikialikwa popote, tunakwenda wawili, mimi na Mama Zuhura, na picha ya mwisho ikifika yeye husimama akaisemea.

Juzi hoteli moja ya Kunduchi ilitualika. Alisimama kama kawaida, akaeleza ile simu, kisha akaongeza kwamba mtoto kaanza chekechea. Ukumbi mzima ukampigia makofi mtoto ambaye haonekani popote katika filamu yangu.